Ragù ya Bologna: Mwongozo Kamili wa Kupika Rojo la Nyama la Kiitalia

Wengi wetu tumezoea tambi na nyama ya kusaga yenye nyanya tele, inayoiva ndani ya nusu saa. Ni chakula kizuri, watoto wanakipenda, na sina neno nacho. Ila kule Bologna, mji mkuu wa mkoa wa Emilia-Romagna kaskazini mwa Italia, mchuzi wa nyama unaoitwa ragù ni kitu kingine kabisa. Nyanya ni chache. Kitunguu saumu hakimo. Rangi yake ni ya hudhurungi inayoelekea chungwa, na ukiteka kwa kijiko haimwagiki, inakaa. Hakuna kiungo cha siri kinachoifanya hivyo. Ni nyama iliyokaangwa sawasawa, kisha ikaachwa kwenye moto mdogo kwa saa 2 hadi 3, maji yakipungua na kuongezwa, yakipungua na kuongezwa, mpaka nyama, mafuta na mboga vinashikana.

Watu wa Bologna hawana mchezo na jambo hili. Tarehe 17 Oktoba 1982, Accademia Italiana della Cucina, chama kinacholinda upishi wa Italia, kiliwasilisha mapishi ya ragù kwenye Chemba ya Biashara ya Bologna yahifadhiwe rasmi. Mwaka 2023 mapishi hayo yalifanyiwa marekebisho: nyama ya kusaga ya ng'ombe ikakubaliwa badala ya kung'ang'ania sehemu moja tu ya mnyama, nyanya zikaongezwa kidogo, na maziwa yakawa hiari. Orodha ya vitu visivyokubaliwa nayo ikaandikwa: kitunguu saumu, rozmari, majani ya parsli na viungo vingine, unga wa kuongezea uzito, na nyama ya nguruwe iliyokaushwa kwa moshi. Kiungo kimoja kilichopewa ruhusa ni kungumanga, tena kidogo sana, kiasi cha kunusika tu. Ukiwa na kungumanga nzima ya Zanzibar, ikwangue mara mbili tatu juu ya sufuria mwishoni, basi.

Nasisitiza suala la viungo mapema kwa sababu mkono wa mpishi wa kwetu huenda wenyewe kwenye thomu, tangawizi na binzari. Safari hii uuzuie. Viungo hivyo vina nguvu kuliko utamu unaotafutwa hapa, na ukivitia utapata kima. Kima ni kitamu, nacho kina siku yake.

Nyama, na maneno ya kumwambia muuza bucha

Usinunue steki. Nyama laini isiyo na mafuta ikipikwa saa 3 hugeuka chembe kavu zinazokwama kwenye meno. Unataka sehemu iliyofanya kazi mwilini mwa ng'ombe: kidari, bega, shingo, au kiwambo, ile nyama nyembamba inayotenga kifua na tumbo. Kiwambo ndicho kilichotajwa kwenye mapishi ya 1982. Sehemu hizi zina ngozi nyembamba nyeupe na nyuzi ngumu zenye kolajeni, ile protini inayoshikanisha misuli. Kolajeni ikikaa muda mrefu kwenye joto la zaidi ya nyuzijoto 70 hugeuka jelatini, na jelatini ndiyo inayofanya mchuzi uwe mzito na midomo igandane kidogo unapokula. Unga hauwezi kazi hiyo.

Chagua kipande kwanza, kisha mwombe muuza bucha akusagie hichohicho ukiona. Mwambie atumie sahani ya mashine yenye matundu makubwa, na asage mara moja tu. Nyama iliyosagwa mara mbili huwa kama uji, haikaangiki, na ikiiva huwezi kujua kama ni nyama au kitu gani. Kama mashine yake ina matundu madogo tu, chukua nyama nzima ukaikate mwenyewe nyumbani kwa kisu kikali, vipande vidogo kama punje za mahindi. Inachosha mkono, lakini ragù ya nyama iliyokatwa kwa kisu ni bora kuliko zote, na hata Bologna wapo wanaoipika hivyo.

Kisha kuna mafuta. Mapishi ya asili yanataka pancetta, yaani nyama ya tumbo la nguruwe iliyotiwa chumvi, inayoyeyuka na kukaanga kila kinachofuata. Kama unakula nguruwe na ukaipata isiyo na moshi, itumie. Kama huli, chukua nundu ya ng'ombe. Nundu ina mafuta yaliyochanganyika na nyama, inayeyuka polepole, na haiachi utando mzito mdomoni kama shahamu ya kwenye figo. Ikate vipande vidogo sana au isagwe peke yake. Mtu wa Bologna atasema hiyo si ragù yake, na ana haki ya kusema hivyo. Mimi nasema ladha inabadilika kidogo na uzito wa mchuzi unabaki palepale, maana kanuni ni ileile.

Vipimo

Hivi ni vya watu 6. Mapishi rasmi yanataja gramu 400 za ng'ombe. Nimefanya nusu kilo kwa sababu ndivyo watu wanavyonunua buchani.

- Nyama ya ng'ombe iliyosagwa kwa matundu makubwa, nusu kilo
- Nundu au pancetta, gramu 150
- Kitunguu maji kimoja cha wastani, karoti moja na shina moja la seleri, kila kimoja karibu gramu 60 hadi 70 baada ya kumenywa
- Mvinyo mkavu, mwekundu au mweupe, glasi moja ndogo (mililita 125)
- Nyanya zilizosagwa na kuchujwa, gramu 200
- Nyanya nzito ya kopo, kijiko kimoja cha chakula
- Maziwa yasiyopunguzwa mafuta, glasi moja
- Supu nyepesi ya mifupa, lita moja, haitaisha yote
- Mafuta ya zeituni, vijiko 3 vya chakula
- Chumvi na pilipili manga

Seleri ndiyo inayosumbua kupatikana. Masoko makubwa ya Nairobi, Dar es Salaam na Arusha huwa nayo, na hata maduka ya vyakula ya mijini. Usiiache kirahisi, kwa sababu inatia uchungu mdogo unaokata mafuta. Usipoipata, ongeza karoti na kitunguu kidogo uendelee na kazi. Pilipili hoho si mbadala wake, itatawala sufuria nzima.

Nyanya za sokoni zinafaa zikiwa zimeiva hasa. Zile ndefu zenye nyama nyingi na maji kidogo, kama Rio Grande, ndizo za kuchagua. Zitumbukize kwenye maji ya moto nusu dakika, zimenye, toa mbegu, zisage, kisha zichuje.

Supu ipike mapema. Mifupa yenye nyama kidogo, kitunguu nusu, karoti nusu, na maji, itokote saa 2, uchuje. Usitie ndimu, thomu wala pilipili. Kama unapika supu ya kawaida ya nyumbani, chota lita moja uiweke pembeni kabla hujaiunga. Vile vidonge vya supu vya dukani vina chumvi nyingi, na chumvi hiyo itazidi kadiri maji yanavyokauka. Bora maji ya moto matupu kuliko kidonge.

Kuhusu mvinyo: kazi yake ni uchachu, pia kuachisha ule ukoko wa hudhurungi unaoshika chini ya sufuria. Kwa anayetumia, uwe mkavu. Zabibu za Dodoma hutoa mvinyo mkavu mzuri tu, lakini pia kuna ule mtamu unaopendwa na wengi, na huo utaharibu chakula. Kwa asiyetumia kileo, weka supu mililita 125 pamoja na kijiko kimoja cha chai cha maji ya ndimu. Usidanganywe kwamba kilevi kinakwisha chote kikichemka. Kinapungua sana ndani ya saa 3, ila anayejizuia kwa ajili ya dini yake asitegemee hilo.

Sufuria na moto

Sufuria nyembamba ya alumini ni adui wa mapishi haya. Joto linapiga sehemu moja ya chini, na baada ya saa moja utasikia harufu ya kuungua kabla hujaona chochote. Tafuta sufuria yenye tako zito, ya chuma cha pua au ya chuma cha kusubu. Chungu cha udongo nacho kinafaa kabisa. Huko Emilia bibi wengi walipikia ragù kwenye vyungu vya udongo, kwa sababu udongo unapokea joto polepole na kuligawa sawasawa. Ukitumia chungu, kaangia nyama kwenye kikaango kwanza, kisha hamishia chunguni kwa ajili ya kutokosa.

Kwa gesi, tumia kile kichoma kidogo kuliko vyote, na kama bado moto ni mkali weka bati zito kati ya moto na sufuria. Kwa jiko la mkaa uko pazuri kuliko unavyodhani. Kaanga kila kitu wakati mkaa umekolea na kuwa mwekundu. Ukifika hatua ya kutokosa, toa nusu ya makaa, yaliyobaki yafunike na majivu yake, funga mlango wa hewa wa jiko ubaki upenyo tu. Moto wa aina hiyo unakaa zaidi ya saa nzima bila kuguswa. Ongeza kaa moja au mawili ukiona uso wa mchuzi umetulia kabisa.

Jiko la presha silipendekezi hapa. Linalainisha nyama kwa dakika 40, hilo ni kweli, lakini halitoi mvuke nje, na ragù inajengwa na mvuke unaotoka.

Mboga

Kata kitunguu, karoti na seleri vipande vidogo mno, vya milimita 2 au 3, vyote vilingane. Usisage kwa blenda. Blenda hupasua mboga zikatoa maji, na badala ya kukaanga utakuwa unachemsha.

Weka mafuta ya zeituni na nundu kwenye sufuria ikiwa bado haijapata moto, kisha washa moto mdogo. Nundu iyeyuke taratibu kwa dakika 8 hadi 10, vipande vigeuke vya kung'aa na kuanza kushika rangi kingoni. Hapo tia mboga zote pamoja na chumvi kiasi cha kubana kwa vidole viwili. Chumvi hiyo inatoa maji ya mboga na kuzizuia zisiungue.

Sasa subiri. Dakika 15, hata 20. Vitunguu vya pilau tunavifikisha kwenye kahawia, hivi havifiki huko. Vinatakiwa vilainike kabisa, viwe vya kupenyeza mwanga, karoti ipoteze ugumu, na harufu kali ya kitunguu kibichi igeuke kuwa tamu. Ukibana kipande cha karoti kwa mwiko kikasagika, umefika.

Kukaanga nyama

Hapa ndipo ragù inapofaulu au kushindwa, na ndipo watu wengi wanapoharakisha.

Nyama inapoingia kwenye sufuria inatoa maji. Maji hayo yakiwepo, joto haliwezi kupita kiwango cha kuchemka, na nyama inageuka kijivu. Kijivu ni rangi ya nyama iliyochemshwa. Ile rangi ya kahawia iliyokolea, yenye harufu ya nyama choma, huanza kujitokeza vizuri joto likifika karibu nyuzijoto 140, na haitakuja mpaka maji yote yameondoka. Ikishapita hatua hii huwezi kurudi nyuma kuitafuta. Saa 3 za kutokosa hazitaleta ladha ambayo hukuitengeneza hapa.

Mapishi rasmi yanatia nyama moja kwa moja juu ya mboga. Mimi nashauri kikaango cha pembeni, kwa sababu majiko mengi ya nyumbani hayana moto wa kutosha kukausha nusu kilo ya nyama juu ya mboga bila mboga kuungua. Toa nyama kwenye friji nusu saa kabla, ikaushe kwa kitambaa safi au karatasi. Pasha kikaango mpaka tone la maji likidondokea linaruka. Tia mafuta kidogo, halafu theluthi moja ya nyama, itandaze, usiiguse.

Sikiliza. Mwanzoni utasikia mlio mkali, kisha baada ya dakika moja mlio unashuka na kuwa wa kutokota, blu blu blu, maji yametoka. Acha. Dakika 3 au 4 baadaye mlio unabadilika tena, unakuwa mkavu na wa kupasukapasuka. Hapo maji yamekwisha na nyama inaanza kukaangika. Ipe dakika 2 nyingine, igeuze, vunja mabonge kwa mwiko, na uiache tena mpaka upande wa pili ushike rangi. Hamishia kwenye sufuria ya mboga, urudie na mafungu yaliyobaki. Ukitia nyama yote kwa mara moja utabaki kwenye hatua ya pili ya mlio kwa dakika 20.

Kikaango kitabaki na ukoko wa kahawia chini. Usiuoshe. Mwaga mvinyo humo, au ile supu yenye ndimu, kwangua kwa mwiko wa mbao mpaka ukoko wote uyeyuke, kisha mimina juu ya nyama. Ongeza moto chini ya sufuria, koroga, na uache mpaka ukiinamisha pua hupati tena ule ukali wa mvinyo. Ni dakika 3 hadi 5.

Tia nyanya ya kopo, ikaange pamoja na nyama kwa dakika 2 mpaka rangi yake nyekundu ikolee. Ndipo nyanya zilizosagwa ziingie, na baada yake supu ya moto kiasi cha kufikia usawa wa nyama, isizidi. Supu iwe ya moto, kwa sababu ya baridi inakatiza mapishi na kugandisha mafuta.

Saa za kutokosa

Punguza moto mpaka uso wa mchuzi utoe povu moja hapa, baada ya kitambo jingine pale. Sufuria ikichemka kwa nguvu, nyama inakakamaa na mafuta yanachanganyika vibaya na maji. Funika nusu, kifuniko kiegemee mwiko uliolazwa juu ya mdomo wa sufuria, mvuke upate njia.

Anayepikia Nairobi ajue kwamba kule juu, karibu mita 1,800 kutoka usawa wa bahari, maji huchemka kwenye nyuzijoto 94 hivi. Mchuzi hauwezi kupata joto la ule wa Mombasa au Dar es Salaam hata ukichochea moto. Ongeza nusu saa kwenye muda wote, na dakika moja au mbili kwenye kuchemsha tambi.

Katika saa ya kwanza, koroga kila baada ya dakika 15 kwa kupitisha mwiko chini kabisa ya sufuria. Ukionja sasa utakata tamaa: nyanya inajitokeza peke yake, nyama bado ina ugumu, karoti unaijua kwamba ni karoti. Usiongeze kitu. Supu ikipungua mpaka nyama ianze kuchomoza, ongeza upawa mmoja.

Saa ya pili ndiyo ya maziwa. Kama ni maziwa ya ng'ombe yasiyosindikwa, yachemshe kwanza. Yatie yakiwa ya moto, robo glasi kila baada ya dakika 10 hivi, ukikoroga. Yataonekana kama yanakatika, vidonge vidogo vyeupe vikielea. Usishtuke, baada ya nusu saa huvioni tena. Maziwa yanapunguza ukali wa nyanya na kuupa mchuzi ulaini ambao maji hayawezi kuuleta. Mapishi ya 2023 yanasema ni hiari. Mimi siyaachi, hasa kwa nyama ya ng'ombe wetu wa kienyeji, ambao hutembea sana na nyama yao ni ngumu.

Kuelekea mwisho wa saa ya pili utaona mafuta yenye rangi ya chungwa yakijitenga na kupanda juu, kwanza pembeni, kisha madoa madoa katikati. Hiyo ni dalili nzuri: maji yanakwisha. Mafuta hayo yamebeba rangi ya nyanya na harufu ya nyama, kwa hiyo usiyaondoe yote. Kama nundu ilikuwa nono sana, chota vijiko viwili vitatu, uvihifadhi vya kukaangia mayai kesho.

Saa ya tatu unaongeza supu kidogo kidogo, nusu upawa, na unaanza kupima. Pitisha mwiko katikati ya sufuria: ukiona tako la sufuria kwa sekunde moja au mbili kabla mchuzi haujarudi, umefika. Chukua chembe ya nyama uibonyeze kwa ulimi juu ya kaakaa. Iachie bila kutafunwa. Ikigoma, bado. Saa 2 na nusu zinaweza kutosha kwa kidari cha ng'ombe mchanga; nyama ya shingo ya ng'ombe mzee itaomba saa 4, nawe uipe.

Chumvi na pilipili manga tia sasa, si mapema. Kumbuka jibini litaongeza chumvi, na pancetta kama uliitumia tayari inayo. Kisha zima moto, funika, na uache dakika 20 kabla ya kupakua.

Ikienda kombo

Mchuzi mchachu: usikimbilie sukari. Mara nyingi haujaiva tu. Upe nusu saa na maziwa kidogo. Ukishika chini na kutoa harufu ya kuungua, zima moto mara moja, usikwangue, mimina kilichoko juu kwenye sufuria nyingine na uonje. Kama uchungu haujapanda, endelea na supu mpya. Kama umepanda, hakuna dawa. Ukiwa na majimaji mwishoni, toa kifuniko na uongeze moto kidogo kwa dakika 10, ukikoroga bila kuacha.

Tambi zinazofaa

Bologna hawali ragù na spageti. Spageti ni nyembamba na inateleza, nyama inabaki chini ya sahani. Wao hutumia tagliatelle, tambi bapa za mayai zinazotengenezwa nyumbani, na hata upana wake uliandikishwa kwenye Chemba ileile mwaka 1972: milimita 8 zikiwa zimeiva. Uso wake una mikwaruzo midogo ya kifimbo na meza, na mchuzi unang'ang'ania hapo.

Anayejua kusukuma chapati hatashindwa. Kwa kila mtu, gramu 100 za unga wa ngano na yai moja. Kwa watu 6, gramu 600 na mayai 6. Mayai ya kienyeji yana kiini cha njano iliyokolea na tambi zitapendeza, ila ni madogo, kwa hiyo andaa yai la saba. Maji hayatiwi, wala chumvi, wala mafuta. Kanda dakika 10 hadi 15 mpaka donge liwe nyororo na ukilibonyeza lirudi lenyewe. Lifunike lipumzike nusu saa. Kata mafungu manne, sukuma kila moja mpaka uone kivuli cha mkono wako upande wa pili, acha likauke dakika 10 juu ya kitambaa, nyunyiza unga, likunje kama mkeka, na ukate kwa kisu vipande vya milimita 7. Vitanue upesi visigandane.

Usipokuwa na nafasi, nunua makaroni ya mirija minene, penne au rigatoni, gramu 80 hadi 100 kwa mtu. Mchuzi unaingia ndani ya mirija. Malindi, ambako Waitalia wapo tangu kituo cha kurushia roketi cha San Marco kilipoanza pale Ngomeni miaka ya 1960, si vigumu kupata hata tagliatelle kavu. Na ndugu zetu wa Barawa na kusini mwa Somalia kwa jumla, waliotawaliwa na Waitalia, wana mchuzi wao wa nyama wa kulia tambi, suugo, uliokwenda njia nyingine ya bizari na thomu. Huo unastahili mwongozo wake.

Chemsha maji mengi, lita moja kwa kila gramu 100 za tambi, na gramu 10 za chumvi kwa kila lita. Usitie mafuta kwenye maji, yanaifanya tambi iteleze na kukataa mchuzi. Tagliatelle mbichi zinahitaji dakika 2 au 3 tu. Zile kavu zitoe dakika moja kabla ya muda ulioandikwa kwenye paketi. Kabla ya kumwaga maji chota kikombe kimoja uweke akiba, na usizisuuze kwa maji baridi, utaondoa wanga unaoshikilia mchuzi.

Pasha ragù kwenye kikaango kipana, vijiko 3 au 4 vikubwa kwa kila mtu. Tia tambi humo humo, mwaga maji ya akiba kidogo, geuza kwa dakika moja juu ya moto mpaka kila uzi uwe umevaa mchuzi. Kumwaga mchuzi juu ya tambi nyeupe sahanini ni kupoteza kazi ya saa 3. Zima moto, kisha kwangulia jibini juu yake. Parmigiano Reggiano ndilo lenyewe, limekaa si chini ya miezi 12, na ni ghali; kipande kidogo kinatosha familia. Jibini lolote gumu lililokomaa litasaidia. Lile laini la kuvutika halifai hapa.

Kuhifadhi

Ragù ya siku ya pili ni tamu kuliko ya siku ya kwanza, kwa hiyo ukiweza ipike Jumamosi uile Jumapili. Usiiache jikoni usiku kucha kwa joto la kwetu. Imimine kwenye vyombo vipana, vifupi, ipoe, na iingie kwenye friji ndani ya saa 2. Humo inakaa siku 3 hadi 4. Kwenye friza inakaa miezi 3 bila kupoteza ladha, ndiyo maana ni vizuri kuongeza vipimo maradufu kama sufuria yako inaruhusu. Kazi ni ileile, moto ni uleule. Gawa kwenye mifuko ya watu wawili wawili, itoe hewa, ibapishe iwe myembamba ili iyeyuke haraka.

Kuipasha, anza na upawa mmoja wa supu au maji chini ya sufuria, moto mdogo, kifuniko juu. Ikianza kutokota, ikoroge na uiache dakika 10 kabla hujaweka maji ya tambi jikoni.